DHULMA YA KWELI NA MWITAJI WA UWONGO

Bismillahi Rrahmani Rrahim

Sifa njema zote ni za Mwenyezi Mungu, aliyeamrisha uadilifu na wema, akaiharimisha dhulma juu ya nafsi yake na akaifanya haramu baina ya waja wake. Rehema na amani zimshukie Bwana wetu Muhammad, na jamaa zake, na sahaba zake, na wote waliowafuata kwa wema hatta siku ya malipo.

Ama baad. Katika mitihani iliyowapata watu wa kulla zama, hapana unaowakoroga wenye ilimu na wajinga pamoja kama mtihani huu: kuwako dhulma ya kweli, ionekanayo na kulla mwenye macho, kisha akasimama mtu mwenye ulimi mkali akaitaja dhulma hiyo mbele ya watu, akawaambia wanyonge kuwa yeye ndiye wao na wale wengine ndio adui zao. Watu humsikia akilisema lililo vifuani mwao, machozi yakawatoka, wakamfuata. Wala hawamuulizi ametoka wapi, ana dalili gani, na siku atakapoupata ufalme atafanya nini.

Hudhani kuwa maadamu ugonjwa ni wa kweli, basi na mganga ni wa kweli. Na hapa ndipo mguu unapoteleza. Mwenye homa hakika ana homa, lakini homa yake haimfanyi kulla apitaye na mkoba kuwa tabibu. Ugonjwa wataka dalili yake, na tabibu ataka dalili yake. Mwenye kuzichanganya dalili hizi mbili huenda akanywa sumu, na huku anamshukuru aliyemnywesha.

Tarikh imejaa khabari za namna hii. Zatosha tatu: moja ya Iraki katika karne ya kwanza ya Hijra, moja ya Basra katika karne ya tatu, na moja ya Italia katika karne ya kumi na nne. Nchi ni mbalimbali, dini ni mbalimbali, na lugha ni mbalimbali. Lakini msomaji atakapozipanga pamoja ataona ni kama ndugu watatu wa tumbo moja.

KHABARI YA KUFA

Mwaka wa 61 wa Hijra, mwezi 10 Muharram, sawa na Oktoba 680, aliuawa Sayyidna Husein bin Ali, Mwenyezi Mungu amuwiye radhi, katika ardhi ya Karbala. Watu wa Kufa ndio waliomwandikia barua kumwita. Na alipokuja wakamwacha mikononi mwa Ubaydullahi bin Ziyad, liwali wa Yazid. Baada ya kuuawa kwake mji wa Kufa ulishikwa na majuto makubwa. Na pamoja na majuto hayo palikuwa na manung'uniko mengine: mawali, nao ni watu wasiokuwa Waarabu waliosilimu, walikuwa wakipigana vitani pamoja na Waarabu, kisha hawapewi haki sawa na wao katika mali ya fai. Walisimama safu moja katika Swala, na wakawekwa nyuma katika kugawanya. Basi dhulma zilikuwa mbili, na zote mbili ni za kweli.

Hapo akatokea al-Mukhtar bin Abi Ubayd, mtu wa kabila la Thaqif. Akasema kuwa amekuja kulipa kisasi cha damu ya Husein na kuwanusuru wanyonge, na kuwa ametumwa na Muhammad bin al-Hanafiyya, mwana wa Sayyidna Ali, aliyekuwa Hijazi, mbali na Kufa. Watu wakamkusanyikia, ila alibakia mtu mmoja mwenye nguvu ambaye bila yeye jambo halingetimia. Naye ni Ibrahim, mwana wa al-Ashtar, shujaa na mkubwa wa kaumu yake.

Amepokea Imamu Tabari kuwa al-Mukhtar alimwendea Ibrahim nyumbani kwake pamoja na jamaa katika wakubwa wa mji, akampa barua, akamwambia imetoka kwa Muhammad bin al-Hanafiyya. Ibrahim akaifungua, akaona mwandishi amejiita Mahdi. Akastaajabu, akasema kuwa mtu huyu amekwisha kuandikiana naye zamani, na hakuwa akijiita illa kwa jina lake na la babake. Al-Mukhtar akamjibu kuwa ule ulikuwa wakati mwengine na huu ni wakati mwengine. Ibrahim akataka mashahidi kuwa barua ni ya mwenyewe. Wale waliokuja na al-Mukhtar wakashuhudia mmoja baada ya mmoja, na Ibrahim akaondoka katika kiti chake cha heshima, akamketisha al-Mukhtar, akambai.

Walakini katika baraza ile walikuwako wawili wasiofungua midomo. Mmoja ni Amir al-Sha'bi, naye wakati ule alikuwa kijana, na baadaye akawa katika wanazuoni wakubwa wa Tabiina. Na wa pili ni babake. Watu walipotoka, Ibrahim akamshika Sha'bi mkono, akamwambia kuwa ameona yeye na babake hawakushuhudia. Je, waonaje, wale wamesema kweli? Sha'bi akajibu kuwa wale ni mabwana wa wasomaji wa Kurani, na mashekhe wa mji, na mashujaa wa Waarabu, wala hadhani kuwa watu mfano wao watasema lisilokuwa kweli.

Na Sha'bi mwenyewe ndiye aliyesimulia baadaye kuwa aliyasema maneno yale hali moyoni mwake akiwashuku mashahidi wale. Lakini alikuwa akipenda watu watoke kupigana, na rai yake ilikuwa rai yao, na alitaka jambo litimie; kwa hivyo hakumfunulia Ibrahim yaliyo nafsini mwake.

Na isimame hapa fikira ya kulla msomaji. Hapana upanga uliotolewa katika baraza ile. Sha'bi hakutishwa wala hakununuliwa. Hakusema uwongo ulio wazi, kwani kulla alilolitaja katika sifa za wale watu lilikuwa ni sifa zao. Alilolifanya ni moja tu: aliulizwa na mwenye kutaka uwongofu, akayaficha anayoyajua kwa sababu shauri alilipenda. Kwa kimya hicho Ibrahim akaingia, na kwa kuingia Ibrahim, Kufa ikatwaliwa mwaka wa 66, sawa na 685.

Ni haki kusema kuwa al-Mukhtar aliyatimiza baadhi ya aliyoahidi. Wengi katika waliomuuwa Husein waliuawa, na Ubaydullahi bin Ziyad mwenyewe akauawa na jeshi la Ibrahim penye mto wa Khazir, mwanzo wa mwaka wa 67. Mawali walipewa sehemu katika fai. Kwa ajili ya haya wako katika Umma wanaomtaja kwa wema hatta leo. Ama wanazuoni wa Sunna, wamemfahamu kuwa yeye ndiye mwongo wa Thaqif aliyetajwa katika Hadithi aliyoipokea Asma binti Abubakar, mbele ya Hajjaj, kama ilivyo katika Sahihi ya Muslim. Wala mema machache hayaufuti uwongo uliojengewa dola, kwa kuwa dola iliyosimama juu ya uwongo hutaka uwongo mwengine kulla siku wa kuitegemeza.

Na uwongo huo haukukawia. Alikuwako Tufayl bin Ja'da, bibi yake ni Ummu Hani, ndugu wa Sayyidna Ali. Mtu huyu alipungukiwa na fedha. Siku moja akaona kwa jirani yake muuza mafuta kiti kikuukuu kilichoganda taka. Akakichukua, akaenda kwa al-Mukhtar, akamwambia kuwa ni kiti alichokuwa akikalia babake, na kuwa ndani yake mna athari ya ilimu. Kiti kikaoshwa, na kwa mafuta kiliyokuwa kimeyanywa kikatoka ule mti unang'ara. Tufayl akapewa dirhamu 12,000. Kisha watu wakaitwa msikitini. Al-Mukhtar akapanda akawaambia kuwa hapana jambo lililokuwa katika umma zilizopita illa huwa mfano wake katika umma huu, na kuwa Bani Israili walikuwa na Tabuti, na hiki kiti ndicho Tabuti yao. Kikafunuliwa nguo, na watu wakanyanyua mikono wakaleta takbiri. Kikawa chachukuliwa vitani juu ya nyumbu, kimefunikwa. Waliposhinda, wakazidi fitina juu yake hatta wakapita mpaka.

Basi wanyonge walioingia kwa ajili ya damu ya mjukuu wa Mtume na kwa ajili ya haki yao katika fai, mwisho wao walikuwa wakikizunguka kiti cha muuza mafuta.

Na mwisho wa al-Mukhtar ulikuwaje? Mus'ab bin al-Zubayr alimzunguka katika ngome ya Kufa muda wa miezi. Ibrahim bin al-Ashtar alikuwa Mosul na jeshi lake, hakuja. Al-Mukhtar akatoka na watu wachache, akauawa katika Ramadhani ya mwaka wa 67, sawa na Aprili 687. Wafuasi wake waliobakia ngomeni, 6,000 au 7,000 kwa kutofautiana riwaya, na wengi wao ni wale mawali, walisalimu amri, kisha wakauawa wote. Abdullahi bin Umar alipokutana na Mus'ab alimlaumu sana kwa kitendo kile, akamwambia kuwa lau wangelikuwa ni kondoo aliowarithi kwa babake, kuwachinja idadi ile kungelikuwa ni kupita kiasi.

Na yasimuliwa kuwa mzee mmoja alimwambia khalifa Abdulmalik bin Marwan, hali wameketi katika ngome ile ile, kuwa hapa amekiona kichwa cha Husein mbele ya Ibn Ziyad. Kisha akakiona kichwa cha Ibn Ziyad mbele ya al-Mukhtar. Kisha kichwa cha al-Mukhtar mbele ya Mus'ab. Na sasa akiona kichwa cha Mus'ab mbele ya Abdulmalik. Vichwa vinne, baina ya mwaka wa 61 na 72. Khalifa akaingiwa na hofu, akaondoka, akaamuru pavunjwe.

KHABARI YA BASRA

Khabari ya pili yamhusu mtu wa pwani zaidi kuliko mwengine, kwani Zanji ni jina walilokuwa Waarabu wa zamani wakiiita pwani hii ya Afrika na watu wake. Wanazuoni wa tarikh wahitalifiana ni wangapi katika watumwa wa Basra waliotoka pwani hii na wangapi waliotoka nchi nyengine. Lakini jina lenyewe lamtaka msikilizaji ategee sikio.

Katika karne ya tatu matajiri wa Basra walikuwa wakiwaweka watumwa kwa maelfu katika ardhi za chumvi, wakiwafanyiza kazi ya kukwangua tabaka ya chumvi ili udongo ufae kulimwa. Chakula chao kilikuwa haba na kazi yao nzito, na mabwana zao walikuwa Waislamu, wanaswali na kufunga. Mtume, rehema na amani zimshukie, aliamrisha mtumwa alishwe anachokula bwana wake, na avishwe anachovaa, wala asikalifishwe asiloliweza. Amri hiyo ilisomwa misikitini mwa Basra, na huko mashambani ikawa kama haikuteremka.

Mwezi wa Ramadhani mwaka wa 255, sawa na 869, akawatokea mtu jina lake Ali bin Muhammad. Alikwisha kujaribu kuwakusanya watu huko Bahrain, na jambo lisitimie. Akadai kuwa ni katika kizazi cha Sayyidna Ali, na nasaba aliyoitaja ilikuwa ikigeuka. Bendera yake ilikuwa ya hariri, imeandikwa aya ya Sura ya Tauba inayotaja kuwa Mwenyezi Mungu amenunua kwa Waumini nafsi zao na mali zao. Akawaapia watumwa wale kuwa hatawahini, na kuwa atawainua, awamilikishe mali na majumba na watumwa.

Neno hili la mwisho ndilo la kuangaliwa. Hakuwaambia kuwa kazi ile ya dhulma itaondoka duniani. Aliwaambia kuwa nao watakuwa na watumwa.

Mabwana wao walipokuja kumpa dinari 5 kwa kulla mtumwa ili awarejeze, alikataa. Na katika hilo aliitimiza ahadi yake. Watumwa wakapigana kama wapiganavyo watu wasio na cha kupoteza, wakayashinda majeshi ya khalifa mara nyingi, wakajenga mji wao, nao uliitwa al-Mukhtara. Lakini mwaka wa 257, walipoingia Basra, watu wa mji waliitwa kwa jina la amani wakakusanyika, kisha wakauawa, na msikiti wa Ijumaa ukachomwa moto. Amepokea Mas'udi kuwa wanawake wenye nasaba tukufu waliuzwa kwa mnada jeshini kwa dirhamu mbili au tatu. Mmoja katika wao, wa kizazi cha Sayyidna Hasan, alimlilia Ali bin Muhammad amtoe kwa yule aliyemmiliki au amwache huru. Akamjibu kuwa huyo ndiye bwana wake na ndiye mwenye haki naye zaidi. Hayo yalisemwa na mtu aliyedai kuwa yeye ni wa nyumba ile ile!

Vita vilidumu zaidi ya miaka kumi na minne. Al-Muwaffaq, ndugu wa khalifa, akauzingira mji wa al-Mukhtara, na mwanzo wa mwaka wa 270, sawa na 883, Ali bin Muhammad akauawa. Walioasi katika joto la chumvi walikuwa na dhulma ya kweli kuliko watu wote wa zama zao. Mwitaji wao hakuuvunja mjeledi. Aliutoa mkono mmoja akautia mkono mwengine.

KHABARI YA ITALIA

Khabari ya tatu ni ya watu wasiokuwa Waislamu, na imetajwa ili isidhaniwe kuwa maradhi haya ni ya Waarabu peke yao au ya zamani peke yake.

Baada ya vita vikuu vya 1914 hatta 1918, watu wa Italia walikuwa katika dhiki. Walikufa askari wao mamia ya maelfu, waliorudi hawakupata kazi, bei zilipanda, na wakubwa wa baraza la serikali walikuwa wakigombana bila ya kuwatazama raia. Akasimama Benito Mussolini, naye alikuwa mwandishi wa magazeti, akawaambia kuwa wamedhulumiwa na kuhiniwa, na kuwa atawarudishia utukufu wa Roma ya kale. Oktoba 1922 watu wake wenye mashati meusi wakauelekea mji wa Roma, na mfalme akampa uwaziri mkuu. Waliokuwa na ilimu na vyeo walisema kuwa ni afadhali awemo ndani wapate kumtuliza. Mwaka wa 1925 alijitangaza mtawala bila mshirika, na mwaka uliofuata vyama vyote vyengine vikaharimishwa. Waliomfuata kwa kutaka kusikizwa wakawa hawana tena ulimi.

Na Waislamu walionja uchungu wake. Katika nchi ya Barqa huko Libya watu wapatao 100,000 waliondolewa makwao wakatiwa makambini katika jangwa, na makumi ya maelfu wakafa kwa njaa na maradhi. Shekhe Omar al-Mukhtar, mwalimu wa Kurani na kiongozi katika tarika ya Sanusiyya, alikamatwa, akanyongwa mwezi 16 Septemba 1931, hali yeye ni mzee aliyepita miaka sabini. Mwaka wa 1935 jeshi la Italia liliingia Uhabeshi kwa mabomu na hewa ya sumu. Na katika askari waliopelekwa kufa huko walikuwamo Waislamu wa Somalia na wa Libya.

Kisha mtu huyo huyo, mwezi wa Machi 1937, akaingia Tripoli juu ya farasi. Akapewa upanga uliopambwa dhahabu, ukaitwa Upanga wa Uislamu. Akaunyanyua mbele ya watu, na akatajwa kuwa ni mlinzi wa Uislamu. Tangu 1934 redio ya Bari ilikuwa ikiwasemeza Waarabu kwa lugha yao kuwa Italia ni rafiki yao. Wako waliosadiki. Na upanga ule haukufuliwa Dameski wala Makka. Ulitengenezwa Florence, mji wa Italia.

Msomaji na akiweke kiti cha Kufa kando ya upanga wa Tripoli, atazame.

Desemba 1944 Mussolini alihutubu Milan, na watu wakampigia makofi na kelele za furaha. Aprili 1945 aliuawa, na maiti yake ikatundikwa miguu juu katika uwanja wa mji huo huo wa Milan, watu wakiitemea mate. Na haya ndiyo aliyoyaeleza Mwenyezi Mungu katika Sura ya Bakara, kuwa waliofuatwa watawakana waliowafuata, na waliofuata watatamani lau wangelikuwa na marejeo wakawakana wao. Ila hapa sehemu yake imeanza kuonekana duniani kabla ya Akhera.

MAMBO WANAYOSHIRIKIANA

Mwenye kuzipima khabari hizi tatu ataona mambo manne.

La kwanza, mwitaji huanza kwa dhulma ya kweli. Hapana mwenye akili anayeanza kwa uwongo mtupu, kwani uwongo mtupu hauna mnunuzi. Samiri alipowafanyia Bani Israili ndama, alimfanya kwa mapambo yao wenyewe. Na mwitaji huyu hutwaa machungu ya watu wenyewe, akayayeyusha, akawarudishia kwa sura ya sanamu, wakaisujudia kwa kuwa wameijua dhahabu yao.

La pili, hujitegemeza kwa jina kubwa ambalo mwenyewe hayuko kumkana. Wa Kufa alilitumia jina la aliyeko Hijazi. Wa Basra alilitumia jina la nasaba. Wa Italia alilitumia jina la Roma iliyokwisha kufa zamani.

La tatu, huwapa watu kitu cha kutazama badala ya dalili ya kufikiri: kiti, bendera, upanga. Macho yakishiba, akili hulala.

La nne, naye hupimwa siku aliyopata nguvu, si siku aliyokuwa akilia pamoja na wanyonge. Kulia pamoja na mnyonge hakuna gharama. Gharama ni kumpa mnyonge haki yake, na kumpa adui haki yake pia. Mwenyezi Mungu ameamrisha katika Sura ya Maida kuwa kuwachukia watu kusiwapeleke Waumini katika kuacha uadilifu. Mwitaji asiyeweza kumfanyia uadilifu anayemchukia, yakini kesho hatamfanyia uadilifu anayempenda.

KIMYA CHA WENYE ILIMU

Lakini lawama kubwa haiwafikii mawali wa Kufa wala watumwa wa Basra. Mtu aliye majini hushika hatta jani. Lawama yawafikia watu wa namna mbili.

Namna ya kwanza ni wale walioiona dhulma wakanyamaza, hatta ulimi wa kuitaja ukawa ni wa mwongo peke yake. Lau wanazuoni wa Basra wangelisimama mbele ya wenye mashamba ya chumvi, wakawataja kwa majina, wakaukataa ushahidi wao na karamu zao, Ali bin Muhammad angelikuta nini cha kusema? Mwongo hakai illa katika nyumba iliyoachwa tupu na wakweli.

Namna ya pili ni wale wanaomjua mwongo kuwa ni mwongo, na wakanyamaza kwa kuwa shauri lake walipenda. Hawa wako katika kulla mji. Husema nyoyoni mwao kuwa barua huenda ni ya uwongo, lakini kazi ni njema; mashahidi huenda wana shaka, lakini adui yetu ni mmoja. Mwenyezi Mungu amekataza katika Sura ya Bakara kuuficha ushahidi, na akaeleza kuwa mwenye kuuficha moyo wake ni wenye dhambi. Hakutoa ruhusa kwa mwenye kuuficha kwa ajili ya shauri jema. Na Sha'bi, Mwenyezi Mungu amrehemu, ametuzwa kwa jambo moja: aliisimulia aibu yake mwenyewe, na lau asingelisema, hapana ambaye angeliijua. Wangapi wameficha kama alivyoficha, na hawakusema kama alivyosema!

DAWA YAKE

Atasema msemaji: Je, basi ni kuvumilia dhulma kwa kuogopa waitaji? La, hasha. Kumnyamazia dhalimu si dawa, ndiko kunakomzaa mwitaji wa uwongo. Dawa ni mbili.

Ya kwanza ni kuiondoa dhulma yenyewe. Umar bin Abdulaziz alishika ukhalifa mwaka wa 99, sawa na 717. Huko Khurasani waliosilimu walikuwa wakitozwa jizya kama kwamba hawakusilimu. Akamwandikia liwali wake awaondolee. Watu wakaingia katika Uislamu kwa wingi, na liwali akaambiwa kuwa wanaikimbia jizya tu, awatahini kwa kutahiriwa. Umar akamjibu kuwa Mwenyezi Mungu alimtuma Muhammad kuwa mwitaji, hakumtuma kuwa mwenye kutahiri. Na mwaka wa 100 walipotoka Makhariji katika Iraki, aliamuru wasipigwe maadamu hawajamwaga damu wala hawajafanya uharibifu, akamwandikia kiongozi wao kuwa na waje wahojiane. Wakaleta watu wawili, wakaketi naye. Wakatulia mpaka alipokufa. Kisha jizya ikarudishwa, na manung'uniko ya Khurasani yakarudi pamoja nayo. Mwaka wa 129 ndiko Abu Muslim alikoinua bendera nyeusi, na mwaka wa 132 dola ya Bani Umayya ikaanguka. Walichokataa kukitoa kwa uadilifu kilitoka kwa upanga. Na Abu Muslim mwenyewe aliuawa mwaka wa 137 kwa amri ya khalifa wa dola aliyoisimamisha.

Dawa ya pili ni kumuuliza mwitaji kabla ya kumfuata. Mwenyezi Mungu ameamrisha katika Sura ya Hujurati kuwa fasiki akija na khabari ibainishwe, wasije watu wakawadhuru watu kwa ujinga, kisha wakajuta. Na aulizwe mambo matatu. Yuko wapi anayedai kuwa amemtuma, na iko wapi dalili? Ataifanyia nini dhulma hii siku atakapokuwa na nguvu: ataiondoa, au ataihamisha? Na akikosea, ni nani mwenye ruhusa ya kumwambia kuwa amekosea? Sayyidna Abubakar alipobaiwa, khutba yake ya kwanza aliwaambia watu kuwa amepewa kuwatawala hali yeye si mbora wao. Akifanya mema wamsaidie, na akikosea wamnyoshe. Haya yalisemwa na Siddiki, aliyekuwa wa pili wa wawili pangoni. Basi mwenye kukasirika kwa kuulizwa, hali hana pango wala usiddiki, amekwisha kujibu suala.

Ewe ndugu Mwislamu, atakapokuja mtu akayataja machungu yako kwa ufasaha kuliko unavyoweza kuyataja mwenyewe, mshukuru kwa ufasaha wake, kisha mtake dalili. Usimpe moyo wako kwa kuwa amelia. Na wewe mwenye ilimu, atakapokushika mkono mwenye kutaka uwongofu akakuuliza kama mashahidi wamesema kweli, mjibu ulijualo, ingawa shauri wapenda litimie, na ingawa jamaa zako wote wako upande ule. Kwani huenda nyuma ya jibu lako wako watu 7,000 ngomeni.

Mwenyezi Mungu awaondolee waja wake dhulma ya madhalimu na udanganyifu wa wadanganyi. Awape wanazuoni wa Kiislamu ulimi wa kweli mbele ya mwenye nguvu na mbele ya mwenye kupendwa. Awaonyeshe Waislamu haki kuwa ni haki wapate kuifuata, na batili kuwa ni batili wapate kuiepuka. Na rehema na amani zimshukie Bwana wetu Muhammad, na jamaa zake na sahaba zake. Walhamdulillahi Rabbil Alamin.